Kuandika na kuongoza vipindi vya watoto Nairobi: pa kuanzia

Maswali ni yaleyale kila mwaka. Nina wazo la katuni, nimpelekee nani? Lazima nisomee? Nikituma wazo langu kwa kituo, hawataliiba? Watoto wa kuigiza wanapatikana wapi, na wakigoma kuongea mbele ya kamera nifanyeje? Nimeyajibu mara nyingi kwa mdomo, kwenye vikombe vya chai na ndani ya matatu, na kila mara kuna kipande ninachosahau. Hapa nimeyapanga kwa mfuatano, kwa mtu aliye Nairobi ambaye hajawahi kuandika wala kuongoza kipindi cha watoto na anataka iwe kazi yake.

Nikuambie mapema msimamo wangu. Kazi hii haianzi na wazo kubwa la vipindi 52. Inaanza na dakika tatu zilizokamilika, ambazo mtoto asiyekujua wewe wala mama yako amezitazama mpaka mwisho bila kuambiwa atulie. Ukiwa nazo, una kitu cha kuonyesha. Bila hizo una maneno tu, na maneno mji huu unayo tele.

Kabla ya kuanza, uwe na hivi

- Watoto watano au sita wa kukaa nao, wasiwe wako wote. Mtoto wako atakucheka hata ukikohoa.
- Daftari. Simu pia inaandika, lakini ukitoa simu mbele ya watoto wataanza kuigiza au watataka wapewe gemu.
- Simu yenye kamera nzuri na maiki ndogo ya kubana kwenye kola. Kama pesa inatosha kimoja tu, nunua maiki. Picha yenye giza kidogo mtoto ataivumilia. Sauti asiyoisikia hataivumilia.
- Programu ya kuandikia skripti. Celtx na WriterDuet zina njia ya kuanza bila kulipa.
- Cheti cha tabia njema kutoka DCI. Unaomba kupitia eCitizen, halafu unakwenda kuchukuliwa alama za vidole. Mzazi au mwalimu mkuu akikuuliza wewe ni nani, unamwekea karatasi mezani.
- PIN ya KRA, na uwe umejisajili kwa eTIMS, mfumo wao wa ankara za kielektroniki. Kampuni nyingi hazilipi tena bila ankara ya eTIMS, na kwenye malipo yako watakata asilimia 5 ya kodi ya zuio wakikuhesabu kama mtaalamu. Afadhali ujue leo kuliko siku ya hundi.
- Marafiki wawili: mmoja wa sauti, mmoja wa kuangalia watoto. Huyu wa pili ndiye watu huona anaweza kuachwa. Usimwache.

Vitu ambavyo huhitaji: digrii, kamera ya kukodi, kampuni iliyosajiliwa. Ukipata nafasi ya kusoma KIMC, chuo cha mawasiliano kule South B, au chuo kingine chenye studio, nenda. Faida kubwa ni wanafunzi wenzako, maana hao ndio mtakaoajiriana miaka kumi ijayo. Lakini usingoje barua ya chuo ndipo uandike ukurasa wa kwanza.

Hatua ya 1: Chagua umri

"Kipindi cha watoto wote" hakipo. Mtoto wa PP1 na yule wa Gredi ya 5 wanaishi nyumba moja, wanakula sahani moja, lakini hawatazami kitu kimoja. Gawa hivi: miaka 3 hadi 5, miaka 6 hadi 8, miaka 9 hadi 12. Wa kwanza wanapenda kurudiwa. Kitu kilekile, wimbo uleule, mlango uleule ukifunguka. Wa kati wanapenda sheria na nani amezivunja. Wakubwa wanataka siri, ushindani na watu wazima wanaokosea.

Andika umri huo juu ya ukurasa wa kwanza na usiubadilishe mpaka umalize. Kama huna uhakika, chukua 6 hadi 8. Wanaelewa hadithi yenye mwanzo na mwisho, na bado hawajaanza kuona aibu kucheka.

Hatua ya 2: Kaa palipo na mchezo

Nenda Jumamosi asubuhi kwenye ua wa ploti, uwanja wa mtaa au Sunday school ya karibu. Omba ruhusa kwa wazazi au msimamizi, sema unafanya nini, kisha kaa. Usipige picha. Sikiliza.

Utakachotafuta si maneno ya kuchekesha. Tafuta wanavyogombana. Watoto wakicheza kati, ule mchezo wa kumkwepa anayekulenga kwa mpira, robo ya muda wanacheza na robo tatu wanabishana kama mpira umegusa sketi au haujagusa. Kwenye kalongo, mchezo wa baba na mama, tazama nani anapewa cheo cha mama na nani kila siku analazimishwa kuwa mtoto. Kwenye brikicho, mchezo wa kujificha, kuna yule anayehesabu huku akichungulia kati ya vidole. Hapo ndipo hadithi zako ziko: haki, zamu, siri, kuachwa nje. Andika sentensi walizotamka jinsi walivyozitamka, na uandike walichofanya na mikono.

Onyo: usiende kutafuta "ujumbe". Ukiingia uani ukiwa tayari unataka kuandika kuhusu usafi, utaona makamasi peke yake.

Hatua ya 3: Pata swali moja linalojirudia

Mfululizo wa watoto unasimama juu ya swali moja rahisi linaloulizwa upya kila kipindi. Mfano mzuri ulitengenezwa hapahapa Nairobi. Tinga Tinga Tales, katuni iliyoanza kurushwa Uingereza 2010 na kuchorwa katika studio ya Homeboyz, ina swali moja: kwa nini mnyama huyu yuko hivi? Kwa nini tembo ana mkonga? Kipindi kinachofuata, mnyama mwingine, swali lilelile. Mtoto anajua atakachopata, hajui jibu. Waandishi nao wanajua kila Jumatatu wakae wapi.

Jipime: eleza mfululizo wako kwa sentensi moja, kisha toa mawazo kumi ya vipindi papo hapo. Ukikwama kwenye la nne, ulicho nacho ni hadithi moja, pengine nzuri sana, lakini haijawa mfululizo.

Nitatumia mfano mmoja mpaka mwisho. Tabu ana miaka 7, anaishi gorofa ya tatu Umoja. Kila kipindi anapewa kazi moja ndogo ya nyumbani na anatafuta njia ya mkato. Swali: je, njia ya mkato itafika?

Hatua ya 4: Andika dakika tatu

Ukurasa mmoja wa skripti ni kama dakika moja kwenye skrini, kwa hiyo kurasa tatu. Wahusika wasizidi watatu, mahali pasizidi pawili. Anza shida ikiwa imeshaanza.

Huu ndio mwanzo ninaouona kwa waandishi wapya karibu wote:

> MAMA: Tabu mwanangu, leo maji hayapo. Kumbuka kufunga mfereji kabla hujatoka, kwa sababu maji yakirudi yatamwagika, na maji ni uhai, sivyo?
> TABU: Ndiyo mama, nitakumbuka!

Hakuna mama wa Umoja anayeongea hivyo, na mtoto anayetazama ameshajua mwisho. Sasa iandike hivi:

> NDANI. JIKONI – ASUBUHI
> Tabu anafungua mfereji. Unakoroma. Tone moja linaanguka kwenye sufuria. Kimya.
> Nje, mpira unagonga ukuta.
> SAUTI ZA WATOTO: Tabu! Tunaanza bila wewe!
> Tabu anatazama mfereji. Anatazama mlango. Anatoka mbio.
> Mfereji umebaki wazi.

Mtoto yeyote aliyelelewa kwenye fleti za Nairobi, ambako maji huja kwa zamu, anajua kitakachotokea. Anajua kabla ya Tabu. Ataanza kupiga kelele kwenye skrini, "Funga! Funga!", na hapo umempata. Humwambii kitu, yeye ndiye anayemwambia Tabu.

Sheria chache za kuandikia ambazo mimi sizivunji:

1. Mtoto ndiye anayetatua shida. Mama Njoki wa gorofa ya pili akipanda ngazi na ndoo, asitoe suluhisho. Alete shida zaidi.
2. Kosa liwe na matokeo yanayoonekana kwa macho. Sebule ya Mama Njoki imelowa. Viatu vya shule vinaelea.
3. Asiwepo mtu wa kueleza mafunzo mwishoni. Tukimwona Tabu kipindi kingine akirudi ngazi zote tatu kugusa mfereji, yatosha.
4. Mstari wa mtoto usizidi maneno kumi. Ukizidi, ukate au umpe kitu cha kufanya katikati.
5. Mzaha usimdhalilishe mtu kwa unene, lafudhi, kabila au umaskini. Darasani utarudiwa kesho yake, na kuna mtoto atakayelia.

Kuhusu lugha. Watoto wa Nairobi wanachanganya, na ukiandika kama kitabu cha sarufi watakucheka. Lakini neno la Sheng linalovuma mwaka huu linaweza kuwa limezeeka kabla kipindi hakijarudiwa mara ya pili, na vituo hurudia vipindi vya watoto kwa miaka. Mimi huandika Kiswahili chepesi kinachosikika mdomoni, naacha ladha ya mtaa itoke kwenye kasi, majina na vituko. Ukiweka neno la Sheng, liwe limeshadumu.

Hatua ya 5: Wasomee kabla hujapiga picha

Kaa chini na watoto wako watano, uwasomee skripti kama hadithi, ukiigiza sauti. Usiulize "mmeipenda?" Watakujibu ndiyo, kwa sababu wamefundishwa adabu. Simama katikati, uulize: "Mnadhani nini kitatokea?" Wakibishana, endelea. Wakinyamaza au waanze kuvutana nguo, weka alama pembeni ya mstari huo.

Kesho yake muulize mmoja wao akusimulie. Alichokiruka, kiondoe. Alichokiongeza kutoka kichwani mwake mara nyingi ni kizuri kuliko chako; kiombe.

Hatua ya 6: Makaratasi

Sehemu hii haina raha, na ndiyo inayozamisha watu.

Idhini ya mzazi iwe ya maandishi, ikitaja video itaonyeshwa wapi na kwa muda gani. Chini ya Sheria ya Ulinzi wa Data ya 2019 huwezi kutumia taarifa za mtoto, sura yake ikiwemo, bila idhini ya mzazi au mlezi. Mwaka 2023 shule moja ya hapa Nairobi ilitozwa faini ya Sh4,550,000 kwa kuchapisha picha za wanafunzi bila idhini hiyo. Shule ina karo ya kulipia faini. Wewe huna.

Kuna pia Sheria ya Watoto ya 2022, inayomlinda mtoto dhidi ya kunyonywa, na Sheria ya Ajira ya 2007, inayokataza kumwajiri aliye chini ya miaka 13 na kuruhusu kazi nyepesi tu kwa wa 13 hadi 16. Kabla hujamwekea mtoto mkataba wowote, hata ule usio na malipo, kaa na wakili nusu saa. Na mtoto hakosi shule kwa ajili yako. Likizo za Aprili, Agosti na Novemba zipo.

KFCB, bodi inayoainisha filamu, ndiyo inayotoa leseni ya kupiga picha na ndiyo itakayokupa alama ya umri kabla filamu haijaonyeshwa kwa umma. Ya kwako unataka iwe GE, yaani inafaa watu wote. Ukipiga barabarani au kwenye bustani za jiji, omba pia kaunti. Ukipiga ndani ya ploti, ongea na mwenye nyumba na msimamizi, na umjulishe chifu. Ruhusa ya mdomo ya mlinzi wa mchana haimfungi mlinzi wa jioni.

Hatua ya 7: Kupata waigizaji

Usianze na matangazo. Utaletewa watoto waliofundishwa kutabasamu. Nenda mahali watoto tayari wanaigiza: vilabu vya drama shuleni, hasa vile vinavyojiandaa kwa tamasha la kitaifa la drama na filamu la shule, na makundi ya kanisani na msikitini. Mwalimu wa drama atakuonyesha nyota wake. Mshukuru, kisha muulize nani huja mazoezini kila siku na hapewi nafasi.

Kwenye majaribio usimpe mtoto skripti. Mpe kazi: "Hii sufuria ina mende ndani. Nishawishi nisiifungue." Unatafuta anayesikiliza mwenzake. Sauti kubwa ya jukwaani inaweza kupunguzwa. Mtoto asiyesikiliza ni vigumu kumfundisha kwa wiki moja. Muulize pia yeye mwenyewe, mzazi akiwa mbali kidogo, kama anataka. Akisema hapana, ni hapana, hata mama akisema ana haya tu.

Kama watoto hupati, tumia vikaragosi. Soksi mbili na macho ya vifuniko vya chupa vinatosha kwa majaribio, mradi macho yamtazame anayeongea. Kikaragosi hachoki na hana mtihani Jumatatu.

Hatua ya 8: Siku ya kupiga picha

Panga nusu siku, asubuhi. Piga matukio ya watoto kwanza na ya watu wazima mwisho. Mama Njoki anaweza kuongea na fimbo ya ufagio badala ya Tabu saa saba mchana. Tabu hawezi kuongea na ufagio.

Shusha kamera mpaka kwenye macho ya mtoto. Hili peke yake litabadilisha kazi yako. Ukipiga kutoka urefu wa mtu mzima, kila mtoto anaonekana anakaripiwa.

Usimwambie mtoto ahisi nini. "Ogopa" itakupa macho yaliyotolewa na mdomo wazi, kama katuni aliyoiona jana. Mwambie: "Sikiliza ngazi. Hesabu hatua za Mama Njoki kimoyomoyo, zikifika sita geuka." Mtoto anayehesabu ana uso wa mtu mwenye hofu halisi, na kamera haijui tofauti.

Mazoezi yarekodiwe. Waambie wenzako kamera iwe inarekodi tangu watoto wanapoingia chumbani, na usipige kelele za "Action!" Mara nyingi kile cha kwanza, kabla hawajajua tumeanza, ndicho utakachotumia. Rudia mara tatu, nne ikibidi. Baada ya hapo badilisha kitu: mpe mwenzake mstari, sogeza kamera, au kaleni chapati.

Usimdanganye wala kumtisha mtoto ili alie. Wapo wanaofanya hivyo na wapo wanaojisifu kwa hilo. Usifanye nao kazi. Kilio kinaweza kuandikwa nje ya picha: mgongo, mlango uliofungwa, sauti.

Maji ya Tabu nayo yana hatari yake. Ngazi zilizolowa zinateleza, kwa hiyo maji yanayotiririka yapigwe bila mtoto yeyote karibu: mtu mmoja juu na mtungi wa lita tano, kamera chini, taulo tayari. Ya mtoto ipigwe kwenye sakafu kavu akitazama kitu ambacho hakipo. Mhariri ataunganisha.

Sauti ndiyo vita ya Nairobi. Kabla hujakubali mahali, nenda siku na saa ileile utakayopigia, ukae dakika kumi umefumba macho. Lang'ata na Kibera utasikia ndege za Wilson. Jumapili kuna spika za kanisa kila kona. Kando ya barabara kuna honi za matatu, na nyuma ya ploti kuna fundi wa milango anayekata chuma kuanzia saa tatu. Fundi unaweza kumwomba apumzike nusu saa, ukamlipa chai. Ndege huwezi. Kila chumba ukimaliza, nyamazeni wote mrekodi dakika moja ya ukimya wake, mhariri atakushukuru.

Mtu wa kuangalia watoto ana mamlaka kuliko wewe. Akisema wamechoka, wamechoka.

Hatua ya 9: Hariri, kisha watazame wakitazama

Kata mpaka uhisi inakwenda mbio mno, halafu rudisha kidogo. Wanaoanza huacha mapengo marefu kwa sababu wanapenda picha zao.

Kisha fanya jaribio hili. Kabla Sesame Street haijaanza kurushwa Marekani Novemba 1969, mtafiti Edward Palmer aliwaweka watoto mbele ya runinga, na pembeni akaweka skrini nyingine ya picha zilizobadilika kila baada ya sekunde chache. Mtoto akigeuza macho kwenda pembeni, sehemu hiyo ya kipindi ilikuwa na udhaifu. Ya kwako ni rahisi zaidi: acha mlango wazi na wenzao wanacheza nje. Weka simu irekodi nyuso za watazamaji, usirekodi skrini. Baadaye zitazame nyuso sambamba na kipindi, na uandike dakika na sekunde kila macho yalipohama. Watoto watatu wakigeuka mahali pamoja, hapo hapana mjadala. Kata, hata kama ndiyo picha uliyoifuata mpaka juu ya paa.

Hatua ya 10: Peleka sokoni

Andika waraka wa mfululizo, kurasa tano hadi nane: sentensi moja ya mfululizo, umri, wahusika wachache, mahali, muhtasari wa vipindi kumi, na jinsi mtoto mmoja alivyokisimulia kipindi chako. Ambatanisha dakika zako tatu.

Milango ya kugonga si mingi. KBC wako Harry Thuku Road. Akili Kids, chaneli ya watoto isiyolipishwa, ilianza hapa Nairobi 2020. KICD, taasisi ya kukuza mitaala, wana chaneli yao ya elimu, na ukidai kipindi chako kinafuata mtaala, wao ndio wakaguzi wa vifaa vya mtaala. Dar es Salaam kuna Ubongo, wanaotengeneza vipindi vya watoto kwa Kiswahili tangu 2014. Kampuni nyingi za Nairobi zinazofanya kazi za watoto zinalipiwa na wafadhili wa elimu au afya, kwa hiyo usishangae ukiambiwa Tabu anawe mikono. Kazi ya mwandishi mzuri ni kumfanya anawe mikono bila hadithi kufa.

Njia ya pili, na ndiyo iliyoingiza wengi: omba kazi ndogo kwenye kipindi kinachotengenezwa. Msaidizi wa skripti, mwangalizi wa mwendelezo (anayehakikisha nguo na vitu havibadiliki kati ya picha na picha), mlezi wa watoto kwenye seti. Ukikaa msimu mmoja ukiwa mlezi wa watoto, unaona ni mistari gani inawashinda kutamka, na mwandishi mkuu ataanza kukuuliza.

Kuhusu kuibiwa wazo: sheria ya hakimiliki hailindi wazo, inalinda ulivyoliandika. Sajili skripti yako kwa KECOBO, bodi ya hakimiliki, uitume kwa barua pepe ili tarehe ibaki. La kuogopa zaidi liko kwenye mkataba. Chini ya Sheria ya Hakimiliki ya 2001, kazi uliyoagizwa na mtu huhesabiwa hakimiliki yake imehamia kwake, isipokuwa mmekubaliana vingine. Kwa hiyo kama unataka kubaki na haki ya Tabu kwenye vitabu, au kulipwa kipindi kikirudiwa, yaandikwe kabla ya sahihi.

Yakikwama

*Mtoto ameganda mbele ya kamera.* Ondoa watu wasiohitajika chumbani, mama yake akiwa wa kwanza kukaa mahali asipoonekana lakini anaposikia. Mpe mtoto kitu cha mikononi: kamba, kifuniko, kitunguu cha kumenya. Mwache yeye akuongoze wewe mara moja.

*Anakariri kama shairi la shule.* Mnyang'anye skripti. Mwambie maana ya mstari na aseme kwa maneno yake. Ikiwa yake ni mazuri, badilisha skripti.

*Anatazama kamera kila mara.* Weka kibandiko mahali unapotaka atazame, na umwambie mpiga kamera asimtabasamie.

*Watoto wanacheka, lakini hawakumbuki hadithi.* Una vituko bila sababu. Rudi hatua ya 4, hakikisha kila kituko kimesababishwa na kilichotangulia.

*Kituo kinasema ni kizuri lakini hakina bajeti.* Waulize wanahitaji nini wakati wa likizo: vipande vya dakika moja vya kujaza kati ya vipindi mara nyingi vina nafasi kabla ya mfululizo. Kubali kwa mkataba mfupi.

*Nimeweka YouTube na pesa haziji.* Tangu Januari 2020 video iliyotiwa alama kuwa ni ya watoto haina sehemu ya maoni wala matangazo yanayomfuata mtazamaji binafsi, kwa hiyo mapato hushuka. Usidanganye alama ili kukwepa hilo. Ichukulie YouTube kama ukuta wa kuonyeshea kazi.

*Umeme umekatika katikati ya kazi.* Simu na maiki zianze siku zikiwa zimejaa, na matukio ya nje yawe tayari kwenye ratiba ili mhamie uani. Ndiyo sababu nyingine ya kutotegemea taa.

*Nimetuma waraka, wiki tatu kimya.* Piga simu mara moja, uliza jina la anayeshughulikia vipindi vya watoto, umtumie yeye moja kwa moja. Kiungo cha video kifunguke kwenye simu bila nenosiri wala ombi la ruhusa. Nimeona kazi nzuri zikikaa kwenye folda zilizofungwa kwa miezi. Akinyamaza tena, mtumie kipindi cha pili cha Tabu, si kumbusho la tatu.